Kaunti imekunyima leseni, landilodi ametia kufuli: ugomvi huu unaamuliwa wapi?

Kuna ugomvi mmoja wa mjini unaowachanganya hata watu waliosoma. Mpangaji wa duka au hoteli hana leseni ya kaunti, au alikuwa nayo na sasa imekataliwa. Mwenye jengo akisikia anatia kufuli mlangoni, na ukimuuliza atakwambia hawezi kukaa na biashara haramu ndani ya nyumba yake. Mpangaji naye ameacha kulipa kodi tangu siku kanjo, yaani askari wa kaunti, walipofunga jiko lake, na hoja yake ni kwamba hawezi kulipia chumba kisichomwingizia hata shilingi. Kila mmoja anaamini sheria iko upande wake. Mara nyingi wote wawili wamekosea, na anayeumia zaidi ni yule ambaye mtaji wake umefungiwa ndani.

Nitaueleza ugomvi huu kwa sheria za Kenya, kwa sababu Kenya ina sheria maalumu ya upangaji wa biashara iliyodumu tangu 1965, na wafanyabiashara wengi inaowalinda hawajui kwamba inawalinda.

Tuanze na jambo ambalo likieleweka, nusu ya ugomvi imekwisha. Leseni ni shauri kati ya mfanyabiashara na kaunti. Upangaji ni shauri kati ya mfanyabiashara na mwenye jengo. Mashauri haya mawili yanagusana, lakini kufa kwa moja hakuui lingine. Katiba ya 2010, katika Jedwali la Nne, ilizipa kaunti mamlaka ya kusimamia biashara na kutoa leseni zake. Haikumpa mwenye jengo mamlaka hayo. Kama mpangaji anauza bila kibali, kaunti ndiyo yenye haki ya kumshtaki, kumtoza faini au kumfungia. Landilodi hana cheo cha kanjo. Anayo njia yake ya kisheria ya kumwondoa mpangaji asiyefaa, na tutaiona, ila njia hiyo haipiti kwenye kufuli.

Upande wa pili, mpangaji aelewe kwamba kodi ni deni la chumba, si deni la mauzo. Kaunti ikikufungia kwa kosa lako, kodi inaendelea kuhesabiwa. Na hata pale kosa ni la jengo, kuacha kulipa kimyakimya ndiyo hatua mbaya kuliko zote, kwa sababu unampa landilodi sababu halali ambayo hakuwa nayo.

Sheria yenyewe ni Sura ya 301, inayohusu wenye majengo na wapangaji wa maduka, hoteli na sehemu za kulia chakula. Neno "duka" katika sheria hii ni pana kuliko tunavyolitumia mtaani: linachukua biashara ya rejareja, ya jumla, na mahali popote panapotolewa huduma kwa malipo. Kinyozi yumo, saluni imo, wakala wa M-Pesa yumo, fundi wa simu yumo. Mkahawa unaouza chakula cha kuliwa papo hapo umo pia, na nyumba ya wageni inayoweza kulaza watu wazima watano au zaidi kwa malipo.

Sasa, upangaji gani unalindwa? Ule usioandikwa kabisa. Hapo wengi hushangaa, maana mtu asiye na karatasi hujiona hana mtetezi. Bunge liliona kwamba mfanyabiashara anayelipa kodi mwezi kwa mwezi kwa maneno ya mdomo ndiye anayeweza kuamka asubuhi akakuta mali yake barabarani, kwa hiyo likamweka yeye mbele. Unalindwa vilevile upangaji ulioandikwa ambao muda wake hauzidi miaka mitano, au ule mrefu zaidi ambao una kipengele kinachoruhusu kuuvunja ndani ya miaka mitano ya mwanzo kwa sababu isiyokuwa uvunjaji wa masharti. Mawakili wa wenye majengo wanalijua hili vizuri, ndiyo maana utakuta mikataba ya miaka mitano na miezi mitatu, au miaka sita kamili. Miezi hiyo ya ziada iliwekwa kwa makusudi: imewekwa ili kuutoa mkataba nje ya Sura ya 301. Lakini mara nyingi yule yule aliyeongeza miezi amesahau ndani kipengele cha kuvunja mkataba kwa notisi ya miezi mitatu, na kipengele hicho kinaurudisha mkataba ndani ya ulinzi. Kabla ya kuamini kwamba hulindwi, soma mkataba wako mpaka ukurasa wa mwisho.

Kinachotolewa nje moja kwa moja ni upangaji ambao serikali au kaunti ni mmoja wa wahusika. Hilo tutalirudia, kwa sababu linawagusa watu wa masokoni.

Kama upangaji wako unalindwa, hauwezi kuvunjwa wala masharti yake kubadilishwa kwa namna ya kukuumiza isipokuwa kwa utaratibu wa sheria hiyo. Landilodi lazima akupe notisi katika fomu maalumu, Fomu A. Notisi hiyo itaje sababu. Haiwezi kuanza kufanya kazi kabla ya miezi miwili kupita tangu uipokee. Na lazima ikutake umjibu kwa maandishi, ndani ya mwezi mmoja, kama unakubali au unakataa. Barua ya kawaida yenye maneno "una siku thelathini uwe umehama" haina nguvu, hata ikiwa imepigwa mhuri wa kampuni. Ujumbe wa WhatsApp wa ajenti ndio hauhesabiki kabisa. Mwaka 1995 Mahakama ya Rufaa ilitoa uamuzi katika kesi ya duka la nguo la Diani, pwani ya kusini, lililokuwa likivutana na mwenye jengo. Majaji walipita utaratibu huu hatua kwa hatua, fomu, muda, sababu, na ombi la jibu, wakasema wazi kwamba upangaji unaolindwa hauvunjiki nje ya hatua hizo. Hadi leo kesi hiyo inanukuliwa kila mwenye jengo anapokuja na barua ya mkato.

Sababu zinazokubalika zimeorodheshwa katika kifungu cha 7. Kodi iliyochelewa miezi miwili tangu siku ya kulipwa, au uchelewaji wa mara kwa mara, imo. Kushindwa kufanya matengenezo ambayo ni jukumu la mpangaji imo. Mwenye jengo anayetaka kubomoa na kujenga upya anaweza kuitumia nia hiyo, na anayetaka kulitumia jengo mwenyewe kwa angalau mwaka mmoja pia anaweza. Ukitafuta humo maneno "kukosa leseni ya biashara" hutayaona. Kilichopo ni kwamba mpangaji amevunja kwa kiasi kikubwa wajibu wake, au kuna sababu nyingine inayohusu namna anavyolitumia au kulisimamia jengo. Hapo ndipo leseni inapoweza kuingia. Mkataba ukisema mpangaji atakuwa na vibali vyote vya kaunti wakati wote, na yeye amefanya biashara miaka miwili bila hata kuomba, landilodi ana hoja nzito. Mkataba ukiwa wa mdomo, na kibali kimechelewa kwa sababu mfumo wa malipo wa kaunti ulikwama, hoja hiyo hiyo ni nyepesi. Kwa vyovyote vile, uzito wake haupimwi na landilodi aliyesimama mlangoni na funguo mfukoni. Unapimwa na Baraza la Kodi za Majengo ya Biashara, ambalo sheria hii ililiunda.

Mpangaji akipata notisi na hataki kuhama, anajibu kwa maandishi na kupeleka shauri mbele ya Baraza kabla ya tarehe iliyoandikwa kwenye notisi. Akishapeleka, notisi inasimama. Haina nguvu mpaka shauri liamuliwe. Asipopeleka, notisi inachukua mkondo wake siku ikifika. Baraza linaweza kumwongezea muda aliyechelewa akionyesha sababu ya maana, lakini huo ni msaada wa kuombwa, na mtu asiuwekee tumaini. Nimeona ni hapa watu wenye haki kabisa wanapoipoteza: wanaikunja notisi, wanaiweka kwenye droo ya pesa, wanangoja "kuongea na mzee kiungwana", na siku ya sitini inawapata hawajafungua faili.

Na kama landilodi hakutoa notisi yoyote, ameweka kufuli tu au amekata stima na maji? Basi njia ni malalamiko chini ya kifungu cha 12(4), kinacholipatia Baraza uwezo wa kuchunguza lalamiko lolote kuhusu upangaji unaolindwa na kutoa amri linayoona inafaa. Kwa kifungu hicho wapangaji huomba amri ya dharura ya kufunguliwa mlango na kuzuia usumbufu wakati shauri linasikilizwa. Peleka picha za kufuli zikiwa na tarehe, peleka ujumbe wa M-Pesa unaoonyesha kodi ya miezi iliyopita, peleka orodha ya bidhaa zilizofungiwa. Bidhaa zinazooza zitaje mwanzoni kabisa mwa maombi, zisisubiri aya ya kumi na nne.

Turudi kwenye leseni yenyewe, kwa sababu hapa ndipo fundo lilipo. Kabla ya kuuliza ni mahakama gani, uliza kwanza: kaunti ilikataa kwa sababu gani? Karatasi ya mkaguzi ndiyo itakayoamua karibu kila kitu kinachofuata, na wafanyabiashara wengi huitupa kwa hasira. Chukua mfano wa kufikirika wa mama mwenye hoteli Changamwe, Mombasa, katika jengo la ghorofa lenye maduka chini. Afisa wa afya amekuja, amekagua, ameandika mambo matatu. Bomba la maji taka la jengo limepasuka na linamwaga nyuma ya jiko. Dari inavuja juu ya meza ya kukatia mboga. Hakuna beseni la wafanyakazi kunawa mikono. Cheti cha afya kimezuiwa mpaka mambo hayo yarekebishwe, na bila cheti hicho leseni ya chakula haitoki.

Ukiisoma karatasi hiyo haraka utasema mama hana leseni. Ukiisoma taratibu utaona ina mambo mawili ya mwenye jengo na moja la mama. Sheria ya Ardhi ya 2012, katika kifungu cha 65, inaingiza ndani ya kila upangaji ahadi za mwenye jengo hata kama hakuziandika. Kama amepangisha sehemu tu ya jengo, paa, kuta kuu na mifereji mikuu ni juu yake kuitunza. Mpangaji anayelipa kodi na kutimiza masharti ana haki ya kukaa kwa utulivu bila kusumbuliwa na mwenye jengo. Ada za ardhi zinazodaiwa na kaunti ni za mwenye jengo, isipokuwa mkataba useme vingine. Kwa hiyo bomba na dari ni vya landilodi. Beseni ni la mama, na alinunue kesho asubuhi, ili siku ya shauri pasiwe na kidole cha kumnyooshea.

Kisha anaandika barua kwa mwenye jengo, akiambatanisha nakala ya karatasi ya mkaguzi, na kutoa muda wa kutengeneza. Si lazima barua iwe ya vita. "Mzee, afisa wa afya ameandika kwamba bomba na dari vitengenezwe kabla ya leseni kutoka, naomba kazi ifanyike ndani ya siku kumi na nne" inatosha, mradi nakala ibaki na ushahidi wa kupokelewa uwepo. Mzee akinyamaza, Baraza lina uwezo ambao watu wachache wanautumia: linaweza kumruhusu mpangaji afanye matengenezo ambayo ni ya mwenye jengo na kukata gharama kwenye kodi, au likasimamia yafanyike kwa gharama ya mwenye jengo na kuelekeza kodi ilipwe kwa Baraza mpaka gharama irudi. Tofauti kati ya mama aliyekata kodi kwa amri ya Baraza na mama aliyekata kodi kwa uamuzi wake ni kubwa mno. Wa kwanza amelipa kodi yake kisheria. Wa pili ni mdaiwa, na baada ya miezi miwili ameingia katika kifungu cha 7 cha Sura ya 301.

Kuna aina ya pili ya kukataliwa, ngumu zaidi kuliko bomba. Ni pale ardhi au jengo halikuidhinishwa kwa biashara. Nyumba ilijengwa ya makazi, mwenyewe akavunja ukuta wa sebule, akaweka mlango wa chuma wa kukunja, akapangisha duka la vifaa vya ujenzi. Sheria ya Upangaji wa Matumizi ya Ardhi ya 2019 inataka kibali cha kaunti kabla ya kubadilisha matumizi, na anayefanya bila kibali akipatikana na hatia anaweza kutozwa faini hadi shilingi 500,000, au kifungo hadi miezi miwili, au vyote viwili. Mpangaji hana namna ya kulitatua hili kwa beseni. Mwenye ardhi ndiye anayepaswa kuomba mabadiliko ya matumizi, na akikataliwa anayo siku 14 za kukata rufaa kwenye kamati ya usuluhishi ya kaunti inayoshughulikia mipango ya ardhi, kisha Mahakama ya Mazingira na Ardhi.

Baa ni mfano mkali wa jambo hili. Sheria ya Kudhibiti Vileo ya 2010 hairuhusu leseni ya kunywea mahali palipo ndani ya mita 300 kutoka shule ya watoto walio chini ya miaka 18. Jengo likiwa mita 200 kutoka shule ya msingi, hakuna ukarabati utakaolisogeza. Mwenye jengo aliyekupangishia kwa ajili ya baa, akijua shule iko hapo, amekupa kitu kisichoweza kufanya kazi uliyomwambia.

Kwa hali kama hizo kifungu kile kile cha 65 cha Sheria ya Ardhi kina mlango wa kutokea. Ikiwa ni sharti la upangaji, limeandikwa au limeeleweka, kwamba jengo ni la kazi fulani, na jengo haliwezi au haliwezi tena kutumika kwa kazi hiyo, mpangaji anaweza kuuvunja upangaji kwa notisi ya maandishi ya mwezi mmoja. Ndiyo sababu kipengele cha matumizi kwenye mkataba, kile kinachosema "jengo litatumika kwa baa na mkahawa pekee", kina thamani kubwa kwa mpangaji kuliko kinavyoonekana. Wengi hukiona kama kamba ya kuwafunga. Siku leseni ikigoma, kamba hiyo ndiyo unayotokea nayo. Kama mkataba ni wa mdomo, tafuta ujumbe wowote wa mwanzo unaoonyesha mlikubaliana ni biashara gani.

Vipi kuhusu pesa zilizokwisha kutumika? Amana unadai irudishwe. Gharama ulizotia kwenye jengo na sifa ya biashara uliyoijenga, Baraza linaweza kuamuru ulipwe fidia upangaji unaolindwa unapovunjwa, lakini kwa ukarabati kuna sharti: uwe ulifanywa kwa idhini ya mwenye jengo. Vigae, meza za zege, mabomba mapya ya jiko, yote haya omba ruhusa kwa maandishi kabla ya fundi kuanza. Ile pesa ya gudwili ambayo watu hutoa mkononi ili wapate chumba kwenye mtaa wenye wateja haina hakika hiyo, hasa ikilipwa bila risiti kwa mtu ambaye si mwenye jengo. Kuidai baadaye ni kazi ya mashahidi, na mashahidi wa pesa za namna hiyo hawapatikani.

Baraza lina uwezo ule tu lililopewa na sheria. Kama unadai landilodi alikudanganya kwa makusudi kwamba jengo lina vibali, na hasara yako ni mamilioni ya mauzo yaliyopotea, madai hayo ni ya mahakama. Na kama upangaji wako haulindwi kwa sababu ni wa miaka sita bila kipengele cha kuvunja, Baraza halikuhusu tangu mwanzo. Unakwenda kwa hakimu mwenye mamlaka au kwenye Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Huko Sheria ya Ardhi inamtaka mwenye jengo atoe notisi kabla ya kuufuta upangaji kwa uvunjaji wa masharti, na inamruhusu mpangaji kuiomba mahakama imnusuru na kufutwa huko. Mahakama inaweza kumpa muda wa kurekebisha kosa. Kwa kosa la leseni unusuru huo una maana sana, kwani leseni ni kitu kinachoweza kupatikana wiki ijayo hata kama leo hakipo.

Mwenye jengo naye ana haki zake, na si kila landilodi ni dhalimu. Mpangaji anayeuza pombe bila leseni anaweza kumletea polisi na sifa mbaya kwa wapangaji wengine. Njia yake ni Fomu A, sababu iliyoandikwa wazi, na ushahidi: nakala ya ilani ya kaunti, barua za onyo, kipengele cha mkataba kilichovunjwa. Anataka kodi ya nyuma? Kwa upangaji unaolindwa, kumtuma dalali akachukue friji na viti kunahitaji ruhusa ya Baraza kwanza. Dalali anayekuja bila karatasi hiyo amekuja bila mamlaka, na mpangaji asisite kuiomba aione.

Kuna hoja moja ya kitaalamu ambayo pande zote hupenda kuitumia vibaya: uharamu. Mwenye jengo husema biashara isiyo na leseni ni haramu, kwa hiyo mkataba wote ni batili. Mpangaji husema mkataba wa jengo lisilo na kibali ni haramu, kwa hiyo hadaiwi kitu na hatoki. Afrika Mashariki ina kesi ya zamani inayofaa hapa. Serwano Kulubya, kiongozi mashuhuri wa Buganda nchini Uganda, alikuwa ameikodisha ardhi yake ya mailo, yaani ya umiliki wa kudumu wa Buganda, bila idhini za serikali zilizotakiwa wakati ule. Alipotaka irudi, mpangaji alijitetea kwamba makubaliano yalikuwa haramu. Shauri lilifika hadi Privy Council ya London, iliyokuwa ngazi ya mwisho ya rufaa, na mwaka 1963 Kulubya akashinda: aliweza kudai ardhi kwa kusimama juu ya hati yake ya umiliki, bila kuyategemea yale makubaliano. Madai ya kodi yalikuwa yameachwa njiani.

Kwa ugomvi wetu, nasoma hivi: mpangaji asidhani uharamu utamwezesha kukaa bure milele, na mwenye jengo asidhani anaweza kudai kila senti chini ya upangaji ambao yeye mwenyewe aliuingia kinyume cha sheria. Na zaidi ya hapo, kukosa kibali cha biashara hakuufanyi upangaji kuwa haramu. Sheria ya leseni inakataza kuuza bila kibali. Haikatazi kupangisha chumba wala kukipanga.

Hatari ya kweli ya uharamu iko kwa wale wanaokodi leseni. Hili lipo sana kwenye baa: leseni ya vileo ina jina la mwenye jengo, mpangaji anaendesha biashara chini yake na kulipa kodi na "pesa ya leseni" kila mwezi. Wakigombana, mwenye jengo husema huyu hajawahi kuwa mpangaji, alikuwa meneja wangu. Leseni ya vileo haihamishwi kwa makubaliano ya mezani, inataka idhini ya mamlaka iliyoitoa. Mpangaji wa namna hii huingia mbele ya Baraza akiwa na kazi mbili, kuthibitisha kwamba kuna upangaji, na kueleza kwa nini amekuwa akiuza kwa leseni isiyo yake. Nawashauri wanaoanza wasiingie katika mpango huo hata kama chumba ni kizuri namna gani.

Sasa watu wa masokoni. Kibanda au duka la soko la kaunti halimo katika Sura ya 301, kwa sababu kaunti ni mwenye jengo. Hapo anayekupangishia ndiye anayekupa leseni, na akikukasirikia anaweza kukubana pande zote mbili. Silaha yako ni Katiba, ibara ya 47, na Sheria ya Utendaji wa Haki wa Kiutawala ya 2015. Ofisi ya umma inayotaka kukunyang'anya leseni au kibanda lazima ikupe taarifa mapema, ikusikilize, na ikupe sababu kwa maandishi. Ikiruka hatua hizo unaweza kuomba Mahakama Kuu ipitie uamuzi huo na kuutengua. Mahakama itakuuliza kwanza kama umemaliza njia za rufaa zilizo ndani ya kaunti yenyewe, kwa hiyo zimalize, na utunze nakala ya kila barua uliyoandika. Njia hii ya mapitio ni ya mpangaji wa jengo binafsi pia, pale ugomvi wake wa kweli ni na kaunti. Watu humshtaki landilodi mwaka mzima kwa jambo ambalo aliyeliamua ni afisa wa leseni.

Msomaji wa Tanzania asiichukue Sura ya 301 akaenda nayo kwenye Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya. Sheria ya zamani ya udhibiti wa kodi za nyumba ilifutwa huko 2005, migogoro ya upangaji inafuata Sheria ya Ardhi ya 1999 na mfumo wa mabaraza ulioundwa na sheria ya 2002, na leseni za biashara zinaongozwa na sheria ya 1972 pamoja na marekebisho yake. Swali la kwanza, hata hivyo, ni lile lile huko: kilichokataliwa ni mtu au ni jengo?

Uamuzi wa Baraza la Kodi ukishatoka, amri yake inaweza kusajiliwa katika mahakama ya hakimu na kutekelezwa kama hukumu nyingine yoyote. Asiyeridhika ana siku 30 za kukata rufaa, na rufaa hizo sasa husikilizwa na Mahakama ya Mazingira na Ardhi. Sheria inasema uamuzi wa rufaa hiyo ni wa mwisho, kwa hiyo hati zote ziwekwe mezani mapema. Na kukata rufaa peke yake hakuzuii kuhamishwa. Anayetaka kubaki dukani wakati rufaa inasubiri lazima aombe kando amri ya kusimamisha utekelezaji, na aiombe kabla dalali hajafika na lori.